Chuma Pacha cha Mansa

1

Kila asubuhi, kabla hajanawa uso, Nyele alilamba chuma. Ilikuwa kazi yake, na hakuwahi kujifanya anaipenda. Chuma chenyewe kilining'inia kwa ukanda wa ngozi katikati ya kibanda, cheusi, kipana kadiri ya kiganja. Tangu Mansa, mfalme wa Mali yote, aingie baharini na vyombo elfu mbili kuutafuta ukingo wa pili wa maji, chuma kile hakijakauka. Kilitoka jasho. Nyele alililamba lile jasho, akaisikia chumvi, akatema nje ya mlango.

"Bado wako majini," akasema.

"Na wewe bado unalamba vyuma," Bi Kumba akamjibu kutoka ng'ambo ya uchochoro, akikoroga uji wa uwele. "Njoo unywe uji, mtumwa wangu, kabla ulimi haujaota kutu."

"Uji wako una mchanga. Ukoo wenu mmezoea kula mchanga, mimi meno nayatunza."

Ndivyo walivyoamkiana siku zote. Ukoo wa Bi Kumba na ukoo wa wahunzi ni watani tangu zama za mababu, na mtani wa kweli humkasirikii wala humnyimi kitu. Nyele alikwenda, akapokea kibuyu, akanywa. Mchanga ulikuwamo kweli.

"Chuma kimesema nini?" Bi Kumba akauliza. Hapo utani ulikuwa umekwisha. Mwanawe wa pekee, Yoro, alikuwa mpiga kasia katika vyombo vya Mansa.

"Maneno ya Mansa ni ya Mansa, dada. Unajua."

"Najua. Nauliza tu nisije nikasahau kuuliza."

Nyele alikuwa mwanamke mkali, tusidanganyane. Alishamfukuza mume, alishagombana na mafundi wote wa kiwanda cha baba yake, na Liwali mwenyewe alikuwa akimwogopa kidogo. Lakini kila Bi Kumba alipouliza hivyo, alikosa pa kuyapeleka macho.

Chuma kilitokana na jiwe lililoanguka kutoka mbinguni, nyuma ya kilima cha wahunzi. Wazee waliliyeyusha katika chungu kimoja na kulikata vipande viwili likiwa bado jekundu, na tangu hapo vile vipande havikuwahi kujua kwamba vimetengana. Ukikigonga kimoja, cha pili kinatetemeka papo hapo, hata kama kati yao kuna safari ya miezi. Ukikitia kimoja majini, cha pili kinatoka jasho. Kwa nini iwe hivyo hakuna mhunzi aliyeweza kueleza, na waliojaribu waliishia kugombana. Walilokubaliana ni moja, nalo waligundua kwa hasara: kila pigo hula vyuma vyote viwili. Chuma kinachosema sana hukonda hadi kikatike, na vipande vyake havisemi tena. Kwa hiyo sheria iliwekwa. Juu ya chuma yatapita maneno ya Mansa peke yake. Anayegonga maneno yake mwenyewe hukatwa mkono uliogonga.

Na maneno ya Mansa hayatoki kinywani mwake yakaingia masikioni mwa watu hivihivi. Mfalme hanong'oni ila kwa jeli wake, mtunza maneno aliyezaliwa katika ukoo wa watunza maneno, na jeli ndiye anayesema kwa sauti. Kwa hiyo huko baharini Mansa alimnong'oneza jeli wake, jeli akamwambia Sitafa mhunzi, Sitafa akayageuza mapigo juu ya kipande cha pili alichokwenda nacho. Huku mlangoni mwa mto Nyele alisikia, akamnong'oneza Jeli Makan, na Jeli Makan akasimama uwanjani akatangaza. Watu wanne kati ya mfalme na sikio la mwananchi, na kila mmoja akiapa kwamba hakuongeza wala hakupunguza.

Sitafa alikuwa mdogo wake Nyele, tumbo moja. Wakubwa walichagua ndugu kwa makusudi, wakasema mkono na sikio vilivyonyonya ziwa moja vitaelewana haraka. Kama barazani siku ile kungekuwa na mtu mwenye akili timamu, angeona kasoro yake. Hakuwepo.

2

Chuma kilitetemeka jua likiwa limepanda. Nyele aliweka chini mchi, akafuta mikono, akashika ukingo wa chuma kwa vidole viwili kama kawaida yake.

Mansa amefika, chuma kikasema. Nchi ni njema. Ina maji matamu na miti mirefu. Mansa anawaita. Njooni nyote.

Nyele hakusogea. Nje, vyombo elfu moja vipya vilikuwa vimefungwa kwenye mikoko vikingoja neno hilo. Ilikuwa amri ya Mansa siku aliyoondoka: nikiita, maji ya kwanza kupwa yawachukue. Watu walishauza ng'ombe, walishagawa mashamba, walishaaga makaburi ya wazazi wao. Waliishi ufukweni wakingoja, na watoto walikuwa wakizaliwa hapo hapo, juu ya mizigo. Angetoka na kumnong'oneza Jeli Makan, na kabla jua halijafika magharibi ufukwe mzima ungekuwa mtupu.

Lakini kulikuwa na jambo. Tangu safari ianze, mapigo ya Sitafa yalikuwa yakija kwa vipande: maneno machache, kisha kituo, maneno machache, kisha kituo. Kile kituo kilikuwa ni Mansa akinong'ona na jeli akirudia. Nyele alishazoea kupumua katika vituo hivyo. Leo hakikuwepo hata kimoja. Maneno yalikuja yote kwa mkupuo, ya mtu aliyeyatafuna kwa muda mrefu kabla ya kuyatema.

Akainama akakilamba chuma. Chumvi, tena kilikuwa baridi kuliko jana.

"Nchi njema," akasema peke yake. "Nchi njema gani hii imejaa chumvi?"

Nyundo ya kugongea ilikuwa ukutani. Aliitazama. Aliutazama na mkono wake wa kulia, akaona hana mwingine wa kufanyia kazi. Kisha akaichukua.

Sitafa, akagonga polepole. Nani kasema?

Jibu lilichelewa. Fikisha maneno.

Nani kasema?

Dada, fikisha maneno.

Mansa yuko wapi?

Safari hii alingoja mpaka akadhani chuma kimekatika.

Hayupo, Sitafa akagonga.

Basi yakamtoka. Ule mto ulio ndani ya bahari, ambao nahodha wa msafara wa kwanza, uliotangulia huu wa Mansa, alirudi kuusimulia na watu wakamwita mwoga, ulikuwepo kweli. Ulivinyakua vyombo kimoja baada ya kimoja. Chombo cha Mansa kilitangulia, kwa kuwa Mansa alikataa mtu yeyote amtangulie, na jeli wake alizama naye, akimsifu. Waliosalia walifunga vyombo vitatu pamoja kwa kamba. Mkondo ukawatupa kwenye magugu, shamba la magugu yanayoelea yasiyo na mwisho, na hapo wamenasa. Vyombo vinavuja. Maji ya kunywa yamebaki matone.

Nyele aligonga: Kwa nini umesema mmefika?

Kwa mhunzi aliyenasa kwenye magugu atakuja nani? Kwa Mansa watakuja wote.

Nikiomba kije chombo kimoja?

Kimoja hakitatuona. Magugu yanatembea, hatujui tulipo. Vikija elfu vikatawanyika, huenda kimoja kikatuona.

Na mto?

Nyele akagonga tena.

Sitafa. Katika elfu, vitapita vingapi?

Sijui, akagonga. Kisha, baada ya kitambo: Yoro wa Bi Kumba yuko hapa pembeni yangu. Anachota maji tusizame. Anamsalimu mama yake.

Nyele akauachia ukingo wa chuma. Alimjua mdogo wake huyu. Alimbeba mgongoni mama yao alipokuwa akifinyanga vyungu, alimfundisha kushika nyundo, alimpiga kofi la kwanza na kumbembeleza baadaye. Sitafa alijua mahali pa kugonga ili dada yake aumie, na alikuwa amegonga hapo hapo. Hasira ilimpanda. Kisha akamwona akilini, amelowa, midomo imepasuka, anagonga chuma, na ile hasira ikamwacha mikono mitupu. Angemlaumu vipi? Mtu anayezama hashiki kwa adabu.

3

Jeli Makan alikohoa mlangoni. Alikuwa mzee mrefu, mwenye joho la pamba na sauti iliyoweza kujaza uwanja, lakini ndani ya nyumba za watu alizungumza taratibu.

"Wahunzi hamjambo?"

"Hatujambo, baba. Karibu."

"Chuma kimesema muda mrefu leo. Watu wamekisikia kikilia. Hawaelewi kinachosema, lakini masikio wanayo. Tayari kuna wanaofunga mizigo." Akaketi. "Na nilisikia mapigo mengine yaliyolia kwa karibu zaidi. Hayo sikuyasikia."

"Asante, baba."

"Usinishukuru. Nipe maneno."

Nyele hakumpa. Akauliza, "Baba, mfalme akifa ugenini, inakuwaje?"

"Unauliza hadithi, au unauliza?"

"Nauliza hadithi."

"Basi hadithi unaijua. Babu yake Mansa alifia jangwani, kwenye njia ya chumvi. Mfalme wa Mali halali katika udongo wa wengine. Msafara mzima ukatoka kwenda kumrudisha, wakati wa kiangazi, visima vikiwa vimekauka. Baba yangu alikuwemo. Walirudi watu wa kuhesabika wakiwa na mifupa ndani ya ngozi ya ng'ombe, na baba yangu hakuwa mmoja wao." Akatengeneza joho lake magotini. "Nimeisifu safari hiyo mbele ya watu maisha yangu yote. Naisifu vizuri mno, watu hulia."

"Na mfalme akifia chini ya bahari?"

"Watakwenda vilevile."

"Kumtoa wapi?"

"Mwanangu, nani atathubutu kuwa wa kwanza kusema hatuendi? Liwali? Atapoteza kichwa. Wazee? Watoto wao watawacheka. Watakwenda wote, na watakaokuwa na hofu ndio watakaopiga kasia kwa nguvu ili wasionekane."

Nyele alicheka kidogo, kicheko kibaya. Basi ndivyo ilivyo. Akisema Mansa amefika na anaita, watakwenda. Akisema ukweli, kwamba Mansa amekufa, watakwenda pia, na wataelekea kulekule. Alikuwa ameshika maneno mawili, la uongo na la kweli, na yote mawili yaliishia katika ule mto.

"Maji yataanza kupwa adhuhuri," Jeli Makan akasema, akisimama. "Liwali yuko uwanjani. Nitakungoja pale. Neno lolote utakalonipa nitalitangaza, ndiyo kazi yangu. Lakini nitakuuliza ni la nani. Siwezi kutangaza neno lisilo na mwenyewe."

Alipotoka, Nyele alisimama mlangoni kupata hewa. Habari ilikuwa imetapakaa ufukweni bila mtu kuitoa. Wanawake walikuwa wakipitisha vibuyu mkono kwa mkono kuvipakia vyomboni. Bibi mmoja alikuwa amebeba kuku chini ya kwapa akibishana na nahodha kuhusu mahali pa kumkalisha. Vijana walikuwa wakiimba. Na pale ng'ambo ya uchochoro, Bi Kumba alikuwa amezima moto, amefunga sufuria yake na gunia la uwele kwa kitambaa, na alikuwa amevaa nguo ya sikukuu.

"Unakwenda wapi?" Nyele akauliza.

"Swali gani hilo? Kwa mwanangu."

"Wewe hujui hata kuogelea."

"Kwani nitakwenda kwa kuogelea? Nitakaa chomboni nipike. Wahunzi kwa maswali hamjambo." Akamkazia macho. "Mbona umekauka hivyo? Si chuma kimeita?"

"Maneno ya Mansa..."

"Ni ya Mansa, ndiyo, nimesikia siku nenda siku rudi. Nyele, uso wako nausoma. Kimeita. Nilijua tu. Yule mtoto hawezi kukaa bila uji wangu."

Nyele alirudi ndani, akaketi sakafuni chini ya chuma. Alilia, naye hakuwa mtu wa kulia. Alimlilia Sitafa, na Yoro anayechota maji bila kujua kwamba kuna mtu anampima. Aliwaza ule mto ukila vyombo kimoja baada ya kimoja, na bibi yule na kuku wake, na Bi Kumba na sufuria. Vyombo elfu moja kwa ajili ya vitatu, tena kwa bahati nasibu. Mtu mwingine angefanya hesabu hiyo haraka. Lakini mtu mwingine hakumbeba Sitafa mgongoni.

Juu yake chuma kilitetemeka. Wametoka?

Hakugusa nyundo. Jua lilikuwa karibu kusimama katikati ya anga. Akajifuta uso kwa upindo wa nguo, akatoka.

4

Uwanja ulikuwa umefurika. Liwali Demba alikaa kwenye kigoda chake chini ya mwavuli wa hariri, akitazama vyombo kuliko alivyotazama watu. Mke wake mdogo, mjamzito, alikuwa ameshapandishwa kwenye kimojawapo. Nyele alipopita, watu walipiga magoti, wakachota vumbi na kujimiminia kichwani, kwa heshima ya neno alilobeba. Alipita katikati ya vumbi hilo akitamani lingemziba mdomo.

Jeli Makan aliinamisha sikio.

"Mansa amefika," Nyele akanong'ona. "Nchi ni njema lakini ni ndogo, imewatosha waliokwenda. Mansa anasema msije. Kila mmoja arudi shambani kwake. Naibu aliyemwachia kiti akikalie na aitunze Mali."

Jeli Makan hakuinua kichwa. Walikuwa wamesogeleana kiasi kwamba Nyele aliona mishipa ya shingo yake ikicheza.

"Ni maneno ya nani?"

Hapo ndipo palipokuwa na mto wake yeye. Sitafa alikuwa amekivaa kinywa cha maiti ili aokolewe, na dada mtu alikuwa amemwita mwongo moyoni. Sasa ilikuwa zamu yake kukivaa kinywa kilekile.

"Ya Mansa," akasema.

"Apa."

"Naapa kwa chuma."

"Binti, jeli akitangaza uongo, watoto wa watoto wake wanauimba. Haufi."

"Baba yako angekuwa hai," Nyele akanong'ona, "kama mtu mmoja tu angedanganya siku ile."

Jeli Makan alifumba macho. Vijana waliacha kuimba. Kisha akajinyoosha kwa urefu wake wote, akageukia watu, na sauti yake ikatoka nzima. Alimtaja Mansa na baba zake. Aliipamba bahari, akaupamba mto ulio ndani yake ambao Mansa aliuvuka akiwa amesimama. Aliitaja nchi ndogo yenye maji matamu ambayo mfalme mkubwa ameichagua kwa unyenyekevu. Na mwisho, alipofika kwenye msije, alilisema taratibu, mara moja tu.

Hakuna aliyeshangilia. Kwanza waliulizana kama wamesikia vizuri. Kisha mwanaume mmoja, aliyekuwa ameuza kila alichokuwa nacho, aliupiga mwamba kwa kasia mpaka likavunjika, akaketi juu ya vipande vyake. Wanawake wakaanza kuomboleza. Mtu fulani akapaza sauti kutoka nyuma kwamba wahunzi ni wachawi na hawajawahi kumtakia mtu heri. Wengine wakaitikia. Jiwe likamgonga Nyele begani, dogo, la mtu asiyetaka sana.

Liwali alinyoosha mkono, na walinzi wakasogea. "Mansa amesema," akasema. Hakuna aliyeona jinsi alivyoshusha pumzi, isipokuwa Nyele, aliyekuwa karibu. "Washusheni watu kutoka vyomboni. Anzeni na wanawake."

5

Aliporudi kibandani chuma kilikuwa kikitetemeka bila kupumzika. Wametoka? Wametoka? Kingo zake zilikuwa zimeanza kukonda, mwanga ulipenya pembeni.

Nyele alichukua nyundo. Angeweza kumwambia ndiyo. Wazo hilo lilimjia akiwa njiani, tena lilikuwa wazo zuri: awaache wafe wakitazama upeo wa macho, wakingoja matanga. Lakini alikuwa ameshaudanganya ufukwe mzima, na Sitafa alikuwa ndiye mtu pekee duniani aliyebaki wa kumwambia kweli.

Hawaji, akagonga. Nimewazuia mimi.

Alisikia kelele za mizigo ikishushwa, watoto wakilia kwa kunyimwa safari. Alisikia mbuzi. Alingoja.

Umetuua, chuma kikasema.

Ndiyo, akagonga.

Kisha mapigo yakaanza upya, ya taratibu, na safari hii yalikuja na vituo. Lilikuwa jina. Kituo. Jina jingine. Kituo. Nyele alielewa: Sitafa alikuwa akiwauliza waliokuwa naye, mmoja mmoja, na kila mmoja alisema jina lake na la mama yake. Alimchukia dada yake saa ile, hilo lilikuwa wazi katika kila pigo, lakini hakuwa na mwingine wa kumkabidhi. Nyele alilirudia kila jina kwa sauti ya chini mpaka likamkaa kichwani. Alijua hataweza kumwambia mtu hata mmoja. Huko nje watu hao walikuwa wazima, wako katika nchi njema, wanakunywa maji matamu. Mama zao watangojea habari zao, na habari ni yeye.

Jina la Sitafa lilikuwa la mwisho. Aliligonga bila la mama yao, maana Nyele alikuwa analijua.

Baada ya hapo jasho la chuma likaongezeka. Likawa matone, matone yakawa mfululizo, na kidimbwi kidogo cha maji ya chumvi kikaanza kutengenezeka sakafuni.

"Hodi," Bi Kumba akasema, na kwa kuwa ni mtani hakungoja karibu. Alikuwa bado amevaa nguo ya sikukuu. Aliweka kibuyu cha uji mbele ya Nyele na kusimama, mikono kiunoni. "Wamekupiga jiwe, nimesikia. Nimemjua ni nani, nimemtukana hadi amekimbia. Atakayekupiga wewe ni mimi peke yangu."

"Asante, dada."

"Nimekasirika lakini. Nimekasirika sana. Nimezima moto wangu, nimefunga gunia, halafu Mansa anasema nchi ndogo. Mimi nakaa mahali pakubwa kiasi gani?" Akafuta jicho kwa kiganja, haraka. "Nyele. Siku zote nakuuliza, na siku zote unaniambia ni ya Mansa. Leo nakuuliza kwa utani wa babu zetu, na unajua mtani hanyimwi. Mwanangu yuko?"

Nyele aliinua uso. "Anakusalimu."

Lilikuwa kweli. Katika maneno yote ya siku ile, lilikuwa ndilo pekee aliloweza kulitoa kama alivyolipokea.

Bi Kumba aliketi kwa kishindo. Alicheka, akajifunika mdomo, akacheka tena na machozi yakimtoka. "Mshenzi yule. Ananisalimu. Hebu mwambie, si wewe unagonga hapo, mwambie mama yako amesikia. Mwambie ale ashibe. Mwambie akioa huko asioe mwanamke mvivu. Najua ni mwiko, usinitazame hivyo. Kata mkono wangu mimi."

Chuma kilikuwa kikivuja sasa kama chungu kilichopasuka. Nyele alisimama, akaichukua nyundo, akagonga. Mama yako amesikia. Akagonga: Kula ushibe. Alichagua kila pigo kwa uangalifu, maneno yote, hadi la mwanamke mvivu, na chuma kikakonda chini ya mkono wake. Kisha akakishika ukingo kwa vidole viwili. Kilikuwa baridi kabisa na hakikutetemeka.

"Amesemaje?" Bi Kumba akauliza.

Nyele aliacha vidole vyake pale. Maji yalimtiririka hadi kwenye kiwiko.

"Anacheka," akasema.

Bi Kumba naye akacheka, akavuta kigoda karibu na kidimbwi, akakunja nguo yake ya sikukuu isilowe.

"Haya," akasema. "Mwambie na hili."